Aliulizwa Mjukuu Wangu, Nikajibu Mie

Nilimsikia yule muuzaji, ndiyo. Kila neno nililisikia, sina uziwi mie. Tena naweza kukutolea na sauti yake hapa hapa, ukafikiri tumekaa naye chumbani tunakunywa kahawa. Kwa hiyo usinitetee, mwanangu, kwamba labda bibi wa watu hakusikia, labda soko lilikuwa na kelele. Nilisikia. Nikafanya nilivyofanya.

Kosa ni langu. Nalisema mbele za watu, ila jina langu ulifiche.

Mie sijui kusoma wala kuandika, ndiyo maana nakutumia hizi sauti kwa simu, wewe utaziandika. Uandike hivi hivi ninavyosema, usinitengeneze. Nimezaliwa Kisarawe, nimeolewa Ilala, na hapo hapo Ilala nimezeekea. Darasani sikufika. Lakini Mungu hamnyimi mja wake vyote, mie kanipa koo. Nikimsikia mtu mara moja tu, nimeshamchukua. Mjumbe wetu wa mtaa anavyokohoa kabla hajaomba mchango, namtoa. Mama Shamte, mpangaji wangu anayekaanga mihogo, anavyogombana na mkaa wake, namtoa. Hata daktari wa macho nilimtoa akiwa bado ameshika jicho langu, akacheka mpaka akaangusha tochi.

Na koo hili limenilisha. Watu wa uani kwetu wakitaka kununua kitanda, pazia, mashuka ya harusi, wananipitia mie kwanza. Bibi, twende Kariakoo ukatushushie bei. Basi nakwenda, namuiga muuzaji, wenzake wanacheka, na yeye anacheka, na mtu akishacheka bei inateremka yenyewe. Hiyo ndiyo shule yangu.

Sasa nina mjukuu, tumwite Tatu, si jina lake. Nimemlea tangu anaota meno. Kapata nafasi chuoni, anasomea kuchora ramani za majumba. Chuo kikampa karatasi: mwanafunzi aje na laptopu yake, iwe hivi na hivi. Akanisomea. Ram sijui ngapi, diski sijui gani, prosesa sijui ya nani. Mie nikaona majina ya dawa za hospitali tu hayo. Nikamwambia, mjukuu wangu, weka karatasi yako mkobani. Kwani mbuzi ananunuliwa kwa karatasi?

Pesa ilikuwa yake. Hilo lishike vizuri. Alipomaliza shule, mwaka mzima alikaa barazani kwangu anasuka watu. Kila mtindo, twende kilioni, yeboyebo, rasta za kufika kiunoni. Vidole vinavimba, usiku anavitumbukiza kwenye maji ya chumvi. Jumapili wenzie wanavuka Magogoni kwenda kuogelea Kigamboni, yeye ana kichwa cha mtu magotini. Mwaka mzima! Pesa ilipotosha akanikabidhi mie niifunge kwenye pindo la kanga, maana alisema bibi ndiye anayejua kununua.

Njiani nikampa masharti. Dukani usiongee. Usitabasamu. Kariakoo wakikuona jino tu, bei imepanda. Ukikipenda kitu, nivute kanga mara moja. Ukiona hakifai tuondoke, nivute mara mbili. Mengine niachie mie. Akasema, sawa bibi.

Tukaingia Mtaa wa Aggrey, huko kwenye simu na makompyuta. Duka dogo, kabati la kioo mbele, nyuma laptopu zimepangwa wima kama sahani za harusi. Muuzaji kijana mnene, mpole, sauti nzito inatoka polepole kama mtu anamimina asali ya nyuki. Nikashituka, hii sauti naijua inakotoka. Nikamuuliza, mwanangu wewe wa wapi? Akasema Tabora, bibi. Mnyamwezi.

Ah! Mnyamwezi! Nikaweka mkoba chini.

Sisi Wazaramo na Wanyamwezi ni watani, tangu babu zao wanateremka pwani na mizigo mabegani. Mtani akikusema vibaya kakuheshimu. Msibani kwenu anaingia na maneno yake, anasema marehemu kafa na madeni ya pweza, na wafiwa wanacheka huku wanalia. Mie nimekulia humo. Bibi yangu alinifundisha, maneno ya mtani yageuze nje ndani ndiyo uyavae.

Kijana naye hakulala. Aliposikia mie Mzaramo, akasema leo kazi ipo, wauza mashamba wacheze ngoma wamekuja kununua kompyuta. Akaniuliza ni shamba la wapi safari hii. Nikamwambia la babu yako, aliliacha kwetu rehani ya kanzu. Basi duka likachangamka. Muuza soksi mlangoni akasogea. Wabeba mizigo wawili wakatua mzigo. Mama mmoja aliyekuwa anarekebishiwa simu akaiacha simu.

Na mie, mwanangu, nikiona watu wanasogea, nawaka kama taa.

Yule kijana akamuuliza Tatu kama chuo kimempa karatasi. Tatu akanitazama, nikamruhusu kwa jicho. Kijana akaisoma, akaenda nyuma, akarudi na laptopu moja nyeusi, nene, pembe zimechubuka. Akasema imetumika Ulaya maofisini, sura haina, ila ndani ina nguvu, na inajibu karatasi yote. Akaiwasha. Kufumba na kufumbua iko tayari. Akafungua ile kazi yenyewe ya kuchora, nyumba ikatokea, akaizungusha, ukaona mpaka dirisha la jikoni.

Kanga ikavutwa. Mara moja.

Sikugeuka, ila niliisikia mpaka kwenye mfupa. Mtoto yule kwa maisha yake hajawahi kunivuta kanga namna ile tangu anataka kubebwa.

Sasa ningefanya nini kama mtu mwenye akili? Ningeanza kuteremsha bei, tuondoke nayo. Lakini watu wananisubiri! Nikaibeba ile laptopu, nzito. Nikasema mtani, kumbe kubeba mizigo hamjaacha, sasa mnataka na wajukuu wetu wabebe. Wakacheka. Nikaangalia vile vibonyezo vya herufi, vingine vimefutika kwa kubonyezwa. Mie herufi sizijui, lakini nilijua palipokuwa na kitu sasa hapana. Nikasema huyo Mzungu kaandika mpaka herufi zimekwisha, mjukuu wangu huko chuo ataandika na nini? Wale wabeba mizigo wakashikana mabega kwa kucheka. Muuza soksi akaita wenzake, njooni muone bibi.

Hapo ndipo nilipopotea. Sikuwa tena nanunua laptopu. Nilikuwa natumbuiza.

Kwenye kabati la kioo palikuwa na nyingine. Nyembamba kama chapati ya maji, rangi ya dhahabu, inang'aa kama bangili ya bi harusi. Mpya. Nikasema nataka hii.

Kijana akasema, bibi, hiyo si ya ramani, hiyo ya kuangalia tamthilia na kuandika barua. Mie nikamrudishia kwa sauti yake ile ile ya asali, bibiii, hiyo si ya ramaaani. Duka likalia kwa kicheko. Akacheka na yeye, lakini nusu. Akasema, bibi, ram yake ndogo, tena imegandishwa humo humo, haiongezeki, mtoto ataumia. Nikamtoa na hapo. Mtoto ataumiaaa.

Ndipo akaweka mikono yote miwili juu ya kioo, akasema, "Bibi yangu, tuweke utani pembeni kidogo. Usichukue hiyo."

Basi unajua mie nilivaaje maneno hayo? Nje ndani! Nikajisemea, mtani huyu. Tangu lini mtani akasema tuweke utani pembeni na asiwe anatania? Hiyo ya dhahabu kamwekea mteja wake tajiri wa Masaki, mie Mzaramo anitwike jiwe.

Kanga ikavutwa mara mbili.

Niliihisi. Nisikudanganye kwamba ulikuwa upepo. Ikavutwa tena mara mbili, na safari hii kwa nguvu mpaka bega likabaki wazi. Nikaivutia kwangu, nikaikaza kwapani, nikaendelea.

Yule kijana akaacha kuniangalia mie. Akamwangalia Tatu. Akamuuliza kwa upole kabisa, "Binti, mtumiaji ni wewe. Unasemaje?"

Na hapa, mwanangu, ndipo lilipo ungamo langu. Yote niliyosema huko nyuma ni njia tu ya kufikia hapa.

Tatu alifungua mdomo. Nikamuwahi. Nikajibu mie, kwa sauti yake. Ile nyembamba, yenye aibu, inayoisha kwa kushuka. Nikasema, mimi naitaka hii ya dhahabu, bibi yangu anajua. Nikainamisha na kichwa kama anavyoinamisha yeye.

Wallahi watu walipiga makofi. Yule mama wa simu alikaa chini kabisa. Hata kijana alicheka, akashindwa kujizuia, akasema bibi we ni hatari. Tatu akafunga mdomo wake. Masharti si yalikuwa yangu? Dukani usiongee.

Nikalipa. Bei ilishuka kweli, na begi nikapewa bure. Nikatoka pale najiona nimemshika Mnyamwezi mchana kweupe.

Nyumbani nikaifumia kitambaa cha kuifunika. Kila jioni wapangaji wakimaliza kazi wanakaa uani kwenye jamvi, wananiambia bibi tupe yule Mnyamwezi. Nami nawapa. Bibiii, hiyo si ya ramaaani. Nawapa na Tatu pia, mimi naitaka hii ya dhahabu. Nikimuuliza Tatu laptopu vipi, ananijibu iko sawa, bibi. Asubuhi anatoka jua halijatoka. Anarudi magharibi imeshaswaliwa. Nikajua elimu ndivyo ilivyo, haina starehe. Kila asubuhi naiombea dua, Mungu ailinde na vibaka wa Buguruni, maana ndiko anakopandia gari.

Siku moja nafagia chumbani kwake. Nikainua godoro nisukume vumbi la nyuma ya kitanda. Nikaikuta. Imelala chini ya godoro, imefungwa ndani ya kitambaa changu cha kufuma, vizuri, kama maiti.

Kumbe siku zote naombea begi la madaftari.

Nikaitoa. Nikaibonyeza pale nilipomwona kijana anabonyeza. Ikawaka, kikatokea kiduara kinazunguka. Nikaiweka pembeni, nikachukua sinia la mchele nikaanza kuchambua. Nikachambua sinia zima, mawe kule, chuya kule. Nikatazama. Kiduara bado kinazunguka. Nikaifunga, nikairudisha chini ya godoro kama nilivyoikuta, na sikumwambia mtu.

Jioni Tatu akarudi, akakaa kwenye kizingiti anavua viatu. Wapangaji wakaanza, bibi tupe Mnyamwezi. Sikuwa na hamu. Lakini mtu wa kutumbuiza akiambiwa tupe, anatoa, hata moyo ukiwa umevimba. Nikaanza. Hiyo si ya ramani. Ram yake ndogo, imegandishwa, haiongezeki. Mtoto ataumia. Bibi yangu, tuweke utani pembeni kidogo. Usichukue hiyo.

Siku hiyo sijui kwa nini sikuvuta maneno. Yalitoka kama alivyoyatoa yeye, mazito, polepole, na mikono nimeiweka mbele. Hakuna aliyecheka. Mama Shamte akageuza muhogo wake kwenye karai, akauliza tu kama mtu anayeulizia chumvi, mbona huyo kaka alikuwa anakwambia ukweli?

Nikamwangalia Tatu. Akaokota viatu vyake, akaingia ndani.

Nikamfuata. Nikamwambia nimeiona chini ya godoro. Ndipo akanieleza, bila kunigombeza, na afadhali angenigombeza. Ile ya dhahabu akiifungulia kazi ya kuchora inaganda, mara nyingine inajizima na kazi inapotea. Anachora kwa laptopu ya mwenzie, mwenzie akienda kula. Ndiyo maana anatoka alfajiri, awahi kabla mwenyewe hajaihitaji. Siku ya kuwasilisha mchoro, mwenzie aliumwa hakuja na laptopu yake. Tatu akakaa mbele ya kile kiduara mpaka muda ukaisha. Somo hilo ameambiwa arudie mwakani.

Nikamuuliza, mjukuu wangu, siku zote hizi, mbona hukuniambia? Akasema, "Ulikuwa unafurahi, bibi."

Mwanangu, nimezika mume, nimezika watoto wawili. Sijawahi kukosa pa kuweka uso kama siku ile.

Tatu akarudi barazani kusuka. Jumamosi na Jumapili, na jioni akiwahi. Mie nikawa nachambua rasta, namshikia kitana, kimya. Wateja wanauliza bibi kulikoni leo huchekeshi, nasema koo linauma. Alipopata cha kujazia, akaniambia twende Kariakoo tukaombe kubadilisha. Nikamwambia nenda mwenyewe. Akasema hapana, twende wote, yule anakujua.

Kabla sijakwambia ilivyokuwa huko, wacha niwaambie wenzangu, mabibi na mama na baba wote mnaojua kununua. Mnajua vitanda. Mnajua mchele. Laptopu ya mwanafunzi hamuijui, na mie siijui. Mwacheni anayekwenda kuitumia aibonyeze mwenyewe, afungue kazi ile ile atakayoifanya chuoni, aone kama inaganda. Msiicheke ya zamani kwa kuwa imechubuka. Msiipende nyembamba kwa kuwa inang'aa, hatuendi kuivaa. Karatasi ya chuo isibaki mkobani. Na ukiona mfanyabiashara wa Kariakoo anakukataza kununua kitu cha kwake mwenyewe, acha kila kitu umsikilize, maana maishani mwako haitatokea tena. Awe mtani, asiwe mtani.

Haya. Tukafika Aggrey. Nilijiandaa njia nzima, nikasema akinianza na mashamba, nami nina la kumjibu. Akatuona. Akasimama. Akasema shikamoo mama, karibuni.

Mama! Hakunianza. Mtani anayekusalimia kwa adabu amekuhukumu. Nikatoa laptopu na kitambaa chake, nikaiweka juu ya kioo, nikasema mwanangu nimekosa. Hakunicheka. Akaipokea kwa bei pungufu, haki yake, imeshatumika. Ile nyeusi ya siku ile ilishauzwa. Akaleta nyingine mbili, nyeusi zote, nene zote, moja ina ufa pembeni. Akaziwasha zote mbili, akafungua nyumba ndani yake.

Tatu akainama. Akabonyeza hii, akabonyeza ile. Akatoa karatasi mkobani. Mie nimesimama nyuma yake, kanga nimeing'ata kwa meno. Nakuapia nimeing'ata. Muuza soksi wa mlangoni akanitambua, akaanza kuwaita wenzake, yule bibi karudi. Wakasogea. Nikawasikia nyuma ya mgongo wangu wananong'ona, wananisubiri.

Kijana akauliza kama siku ile, kwa sauti ile ile ya asali. "Haya binti. Unasemaje?"

Mwanangu, koo lina pepo wake. Kanga ikanidondoka mdomoni yenyewe. Nilikuwa nimeshavuta pumzi, nimeshainamisha na kichwa.

Tatu hakugeuka hata kunitazama. Macho yake yako kwenye ile nyumba, kidole kimeshika ukuta wa jikoni. Akasema, "Bibi, nenda kakae nje."